Mwenzetu amekwama wiki ya 29, kikundi kinataka cherehani yake. Nisaini?

Mweka Hazina

Wanajamvi, shikamooni wakubwa, na wengine habari za jioni. Naandika kwa simu yenye kioo kilichopasuka, herufi zikiruka mnisamehe.

Mimi ni mweka hazina wa kikundi cha wanawake kumi na watano. Tumekopa kwenye taasisi moja ya mikopo midogo kwa utaratibu wa watanotano: watano mnadhaminiana, mmoja akikwama wanne mnabeba. Hawakutaka hati ya shamba wala ya nyumba, na ndiyo sababu tuliingia, maana kati yetu hakuna mwenye hati kwa jina lake.

Hesabu naiweka kwa tarakimu tupu, sarafu kila mtu aweke ya kwao. Kila mmoja alikopa 1,200. Mkataba unasema riba ni asilimia 24 kwa mwaka, jumla 1,488. Gawa kwa wiki 48, unapata rejesho la 31 kila Jumatano. Siku ya kupokea walikata 120 wakaiita akiba ya dhamana, wakakata na 24 ya fomu na bima. Mkononi ikafika 1,056. Niliihesabu mara tatu mbele ya afisa, akacheka, akasema mama wewe ungefaa kukaa benki.

Mimi nauza sabuni. Nanunua kwa jumla, nakata vipande, natembeza nyumba kwa nyumba na siku ya soko natandika chini. Pesa inaingia kila wiki, kidogo kidogo, kwa hiyo ile 31 ilinibana lakini haikunivunja.

Mwenzetu wa kundi letu la watano, nimwite Jirani, alinunua vifaranga wa kuku wa mayai. Rejesho likaanza wiki ya pili. Kifaranga hajui Jumatano. Anaanza kutaga akiwa na wiki 18 hadi 20, na kabla ya hapo anakula tu. Juzi ndipo Jirani alipotufungukia kwamba kati ya ile 1,056, mume alichukua 400 kutengeneza injini ya pikipiki. Akabaki na 656. Vifaranga na banda vikala 300. Iliyobaki ikamlipia marejesho kumi na moja, yaani alikuwa akilipa mkopo kwa pesa ya mkopo uleule. Yaliyofuata aliyalipa kwa kushona viraka na sare za shule usiku, na humohumo akitoa chakula cha kuku. Kisha ukapita mdondo, ule ugonjwa unaoua kuku, kabla hajaokota yai la kwanza. Kuku wamebaki 22. Alijikongoja mpaka wiki ya 29, kisha akanyamaza.

Zimebaki wiki 19, yaani 589. Ukitoa ile 120 ya dhamana ni 469. Kwa sisi wanne ni 117 na chenji kila mmoja, karibu marejesho ya wiki nne juu ya ya kwetu wenyewe.

Jumatano mbili zilizopita afisa amekataa kufunga mkutano hadi deni lilipwe. Tumekaa hadi giza, watoto wanalia mgongoni. Sasa mwenyekiti ameleta karatasi: tuchukue cherehani ya Jirani, iuzwe, tumalize. Wote wamesaini isipokuwa mimi na mama mmoja asiyejua kuandika, na yeye anasema atafuata nitakavyofanya.

Niseme na hili, maana nikilificha nitakuwa nawadanganya. Afisa ameniambia kikundi kikiwa safi Jumatano ijayo, mimi nafaa kupata 2,400. Nimeshaanza kuiota. Kwa hiyo sijui kama kusita kwangu ni huruma, au kama kutaka kwangu kusaini ni tamaa.

Nisaini?

Neno Moja

Mlisaini kudhaminiana. Sheria ni sheria. Uza cherehani.

Afisa Mstaafu

Mama, pole, na hongera kwa kuhesabu. Nilikusanya marejesho vijijini miaka tisa kabla sijaacha ile kazi, kwa hiyo mengine ninayoyasema hapa nimeyatenda kwa mkono wangu, pamoja na hilo la kukalisha watu hadi giza.

Nianze na hiyo 24. Kila 31 unayolipa, 25 ni mtaji, yaani mkopo wenyewe, na 6 ni riba. Wiki ya kwanza unadaiwa 1,200, riba 6. Wiki ya 24 umekwisharudisha karibu nusu, riba bado ni 6. Wiki ya mwisho unadaiwa 25 tu, na kwa wiki hiyo moja unalipa riba ya 6 ileile. Pima mwenyewe: asilimia 24 uliyoambiwa ni ya mwaka, wiki hiyo umeitoa yote kwa siku saba. Riba imepigwa juu ya mkopo wa siku ya kwanza na haishuki deni linaposhuka. Ukiipiga upya kwa salio linalopungua, mkopo wenu unakaribia asilimia 50 kwa mwaka. Ukiingiza ile 24 ya fomu, na ile 120 ambayo mnailipia riba ilhali wameikalia wao, unavuka 60.

Sisemi hivi kukutisha. Kumfuata mtu kijijini kila wiki kwa 31 ni kazi ya gharama: mafuta ya pikipiki, mshahara, makaratasi. Mkopo mdogo hauwezi kuwa rahisi kama mkubwa. Ila mkopaji ana haki ya kuona namba ya kweli kabla hajaweka dole gumba.

La pili. Afisa wenu hapimwi kwa kuku wa mtu. Anapimwa kwa kilichoingia jioni hiyo. Nilikuwa na vikundi 22, na bosi wangu hakuniuliza hata siku moja mteja fulani anafanya biashara gani. Aliuliza kimebaki kiasi gani nje. Kwa hiyo nilijifunza haraka kwamba kikundi ni afisa wa pili asiyelipwa mshahara. Nikikaa kimya kwenye kiti, wanawake watadaiana wenyewe kwa ukali ambao mimi nisingethubutu.

Sasa cherehani. Jirani yako amelipa marejesho 29. Kumi na moja yalitoka kwenye mkopo. Kumi na nane, yaani 558, yalitoka kwenye cherehani. Mradi wa kuku haujalipa hata senti. Mnataka kuuza kitu pekee kwenye ile nyumba ambacho kimethibitika kuwa kinalipa deni.

Usisaini. Fanya hivi: kati ya 589, mtaji ni 475 na riba ni 114. Andikeni barua, mpeleke tawini, msimpe afisa wa kijijini. Ombeni ile 120 ya dhamana ikatwe kwenye deni sasa, si mwisho, na kilichobaki kipangwe upya kwa kiwango anachokiweza. Ombeni na riba ya wiki zilizobaki ifutwe, watakataa, lakini ombeni, kwa sababu mtu akikataa moja huona aibu kukataa la pili. Taasisi nyingi zina fomu ya kupanga upya marejesho. Ni vile tu haibandikwi ukutani.

Baba Wawili

Najua nitatukanwa, lakini ngoja niseme kwa upande wa huyo mwenye pikipiki, maana niliwahi kuwa yeye.

Mke wangu alikopa, nikachukua nusu. Sikuiita kunyang'anya. Niliiita pesa ya nyumba, na vyombo ninavyoendesha si vinalisha nyumba hiyohiyo? Hakubisha. Mimi nikachukulia kutobisha ni kukubali. Mikutano yao sikuwahi kwenda hata mmoja, niliona ni mambo ya akina mama. Nilikuja kujua uzito wa lile deni siku nilipomkuta kajificha jikoni kwa jirani, Jumatano asubuhi, mlango umefungwa kwa ndani.

Pesa ya nyumba ilikuwa yangu kuichukua, na deni la nyumba likawa lake kulilipa. Nilivyoliona hivyo, nikaanza kulipa. Lakini ilichukua kujificha kwake.

Mwiteni mume aje Jumatano. Msimtukane. Muulizeni tu, mbele ya watu, kwa wiki atatoa ngapi.

Mweka Hazina

Kaka, ahsante kwa ukweli, hakuna atakayekutukana hapa, wengi hawasemi kabisa. Huyu wa kwetu tulipomtumia salamu alijibu kwamba kikundi cha akina mama yeye hakimhusu. Nitajaribu tena kwa maneno yako.

Mzee Afisa, hiyo hesabu ya 25 na 6 nimeiandika kwenye jalada la daftari. Nilikuwa najua kujumlisha, sikuwa najua kuuliza riba inapigwa juu ya nini.

Bado sijasaini. Ila mwenyekiti amenipita leo bila salamu.

Msoma Ripoti

Dada Mweka Hazina, kabla hujaona kwamba mna laana ya kwenu peke yenu, jambo hili limechunguzwa sana, na Jirani yako yumo karibu katika kila ukurasa.

Simulizi tunayoijua wote inaanzia Bangladesh. Mwaka 1976, Muhammad Yunus, mwalimu wa uchumi, aliwakopesha watu 42 wa kijiji cha Jobra jumla ya dola 27 kutoka mfukoni mwake, ili wajitoe mikononi mwa wafanyabiashara waliokuwa wakiwakopesha malighafi na kuwapangia bei. Mwaka 1983 mradi wake huo wa mikopo, Grameen, ukawa benki kamili, na mwaka 2006 yeye na benki wakapewa Tuzo ya Amani ya Nobel. Watanotano wenu, mkutano wa kila wiki, rejesho dogo linaloanza mapema, vyote ni watoto wa Grameen. Wasichowaambia ni kwamba Grameen yenyewe, mwanzoni mwa miaka ya 2000, ilipanga upya mikopo yake: kundi likabaki, mkutano ukabaki, lakini mwanachama hawajibiki kulipa deni la mwenzake, na anayekwama hupangiwa upya. Nyie mnafuata utaratibu ambao mwenyewe aliuacha. Na huko Ufilipino benki moja ilipoondoa kudhaminiana kwenye vikundi vilivyokuwepo tayari, watafiti hawakuona wasiolipa wakiongezeka. Watu waliendelea kulipa madeni yao.

Kuhusu vifaranga. Kolkata, India, watafiti waligawa wakopaji kwa bahati nasibu: wengine walianza kurejesha baada ya wiki mbili kama kawaida, wengine wakapewa miezi miwili ya kupumua kwanza. Waliopumua waliweka pesa nyingi zaidi kwenye biashara, na karibu miaka mitatu baadaye faida yao ilikuwa kubwa zaidi. Lakini, na hapa ndipo wakopeshaji wanapokunja uso, walioshindwa kulipa nao waliongezeka. Mtu akipewa nafasi hujaribu jambo kubwa, na jambo kubwa huweza kuanguka. Kwa hiyo rejesho la wiki ya pili linamlinda mkopeshaji, gharama yake ni kwamba kila mwanamke anasukumwa kufanya biashara ya kuzungusha pesa upesi kama ya sabuni yako. Sikukejeli. Wewe na Jirani mlipewa mkopo mmoja, wewe ulikuwa na kazi inayofanana na kalenda yake.

Kuhusu mume. Mwaka 1996 Anne Marie Goetz na Rina Sen Gupta walichapisha utafiti wa Bangladesh ulioonyesha kwamba sehemu kubwa ya mikopo iliyoandikwa majina ya wanawake ilikuwa chini ya mamlaka ya wanaume wa nyumbani. Baadaye Sri Lanka wenye biashara ndogo walipewa ruzuku ya mtaji, si mkopo, bure kabisa. Biashara za wanaume zilipata faida, za wanawake kwa wastani hazikupata. Watu wakarukia kusema wanawake hawajui biashara. Takwimu zilipochambuliwa upya ikaonekana kwamba pale mwanamke alipokuwa mwenye biashara pekee katika kaya, faida yake haikupishana na ya mwanamume. Palipokuwa na biashara nyingine ya mume, mtaji wa mke ulikwenda huko. Injini ya pikipiki hiyo, dada. Pesa haikupotea, ilihama.

La mwisho nalipenda zaidi. Uganda, wanawake waliokopa walipopewa mkopo kwenye akaunti ya simu iliyo ya kwao peke yao badala ya noti mkononi, faida ya biashara zao ilikuwa juu kwa takriban asilimia 15 kuliko waliopewa taslimu. Kiasi cha mkopo kilikuwa kilekile na riba ileile. Tofauti ni nani aliyeiona pesa ikiingia nyumbani.

Neno Moja

Kwa hiyo mikopo ni utapeli?

Msoma Ripoti

Hapana, na wala si dawa. Mwaka 2015 zilichapishwa kwa pamoja tafiti sita, za Bosnia, Ethiopia, India, Meksiko, Mongolia na Moroko. Kwa ufupi: watu waliofikiwa na mikopo walipanua biashara kidogo na wakawa na nafasi zaidi ya kuchagua wafanye nini na pesa zao, lakini kipato cha kaya kwa wastani hakikupanda kwa namna ya kujivunia. Hyderabad, ule utafiti wa India, hawakuona mabadiliko katika sauti ya mwanamke nyumbani. Mkopo ni chombo cha kubebea maji. Kama kisima ni cha mtu mwingine, utabeba maji ya mtu mwingine.

Kufuli Tatu

Jamani nami niingie. Mimi ni wa vikundi vya kuweka na kukopeshana, vya sanduku. Sisi hatukopi nje. Mtindo huu wa sanduku uliandaliwa Niger, eneo la Maradi, mwaka 1991, na shirika la CARE pamoja na wanawake wa huko, ukasambaa hadi kwetu sote. Kila mkutano unanunua hisa, moja hadi tano, zinagongwa mhuri kwenye kitabu chako ili hata asiyesoma ahesabu mihuri. Sanduku lina kufuli tatu, funguo kwa watu watatu, na hakuna kati yao anayelala na sanduku. Unakopa hadi mara tatu ya hisa zako. Riba tunajipangia wenyewe, na mwisho wa mzunguko, miezi tisa hadi kumi na miwili, tunavunja na kugawana kulingana na hisa. Ile 6 mnayoitoa kila wiki, kwetu inarudi kwa mtoaji. Pembeni tuna mfuko wa jamii wa maradhi na misiba, usioingiliana na mikopo.

Sasa nisiwadanganye kama wale wanaokuja na fulana na kofia. Sanduku lina shida zake. Msimu wa kupanda wote tunataka kukopa wiki moja, sanduku likawa tupu. Ukame ukija unatupiga wote pamoja, sanduku halina ndugu wa mbali wa kulisaidia. Wiki ya kugawana ndiyo wezi huijua, na wakati mwingine mwizi ana ufunguo. Na mwenye hisa moja kila wiki hubaki mwenye mkopo mdogo, hivyo aliye chini kabisa hatoki kwa sanduku peke yake. Mwaka wa tatu tulikuwa na mama wa namna hiyo, aliaga kwa heshima akasema siwezi kununua hata moja, na hatukuwa na jibu.

Ushauri wangu kwako mweka hazina: anzisheni sanduku kwa ajili ya mambo madogo, na mkopo wa nje mbaki nao kwa jambo lenye tarehe inayojulikana. Lakini tafadhali msichukue kamwe pesa ya sanduku kulipa deni la taasisi. Nimeona vikundi viwili vikifa hivyo. Mwenye kukopa huku ili alipe kule anachimba shimo ili afukie lingine.

Na hao kuku 22, wachanjwe mdondo jamani. Chanjo ni rahisi kuliko kuku mmoja, na inarudiwa.

Afisa Mstaafu

Naunga mkono la kukopa huku kulipa kule. Andhra Pradesh, India, ilifika mahali mwanamke mmoja ana mikopo ya taasisi tatu nne, kila moja ikimsifu kwa kulipa vizuri, kumbe anailipa hii kwa ile. Yakafuata malalamiko ya watu kudhalilishwa na taarifa za watu kujiua. Oktoba 2010 serikali ya jimbo ikatoa amri ya kuzibana taasisi hizo, na marejesho yakaporomoka karibu mara moja. Asilimia zile nzuri za marejesho tulizokuwa tukizisoma ofisini hazikuwa zimetuambia lolote juu ya hali za watu.

Mama, kuhusu hiyo 2,400 yako. Hujaulizwa swali moja: sabuni mara mbili itauzika mara mbili?

Mweka Hazina

Wanajamvi nimerudi. Jumatano mbili zimepita, niwape taarifa.

Sikusaini. Yule mama asiyejua kuandika hakuweka dole. Mwenyekiti akasema tumevunja umoja. Nikaomba dakika kumi nikachora ubaoni: marejesho 29, kumi na moja haya, kumi na nane yale. Nikauliza kumi na nane yalitoka wapi. Kimya. Binti mmoja wa kundi la pili akasema cherehani. Nikakaa. Sikuwa na hotuba nyingine.

Barua tuliiandika usiku huohuo, ukurasa mmoja, tukaenda nayo tawini wanne kwa miguu na gari. Meneja hakuwa mtu mbaya. Riba ya 114 alikataa kuifuta, kama ulivyosema mzee. Akakubali 120 ikatwe sasa, na 469 iliyobaki ilipwe 15 kwa wiki. Wiki 31, na ya 32 anamalizia 4. Tuliomba pia kwamba awamu ijayo wenye mifugo waanze kurejesha baada ya miezi miwili. Akasema fomu haina nafasi ya kuandika hilo. Nikamwonyesha pembeni ya fomu, pana nafasi ya kutosha. Akacheka, lakini hakuandika.

Mume tulimwita kwa maneno ya kaka Baba Wawili. Alikuja amechelewa, hakuzima pikipiki, akabaki nayo chini ya mti. Nikauliza tu: kwa wiki utatoa ngapi? Akaangalia watu, akaangalia mke wake. Akatoa 15 ya siku hiyo, akaondoka. Jumatano iliyofuata hakuja, Jirani alilipa mwenyewe. Kwa hiyo sijui niiandikeje, nimeiandika kama ilivyo: moja ya mume, moja ya mke.

Swali la mzee lilinikosesha usingizi. Nilipita nyumba ninazouzia, nikahesabu. Ni nyumba 64 na siku moja ya soko. Watu wataoga kiasi kilekile hata nikiwa na mtaji mara mbili. 2,400 ingekaa stoo ikilipiwa riba. Nimeomba 1,200 tena, na nimeomba iingie kwenye simu yangu, si taslimu mbele ya mkutano. Hilo walikubali bila shida, kumbe lilikuwepo siku zote, hatukuwahi kuuliza.

Sanduku tumeanza, wanawake tisa kati ya kumi na watano. Mwenyekiti hayumo. Jirani yumo, hisa moja moja. Kufuli tatu tumenunua, fundi bado anatengeneza sanduku, kwa sasa tunatumia bati la biskuti na tunajua ni aibu.

Swali langu la mwisho kwa mzee Afisa: tumekubaliana riba asilimia 2 kwa mwezi kwa salio linalopungua. Daftari nilipigie mistari vipi?

Afisa Mstaafu

Safu tano, mama. Tarehe, salio la mwanzo, riba, mtaji uliolipwa, salio la mwisho. Riba ichukue kwenye salio la mwanzo la mwezi huo, usiitazame tena namba ya mkopo wa kwanza. Mfano, mtu kakopa 300 kwa miezi mitatu, analipa mtaji wa 100 kila mwezi: riba ni 6, halafu 4, halafu 2. Jumla 12. Kwa mtindo wa ule mkataba wenu ingekuwa 18.

Ongeza safu ya sita, andika aliyepokea pesa mkononi na ya kazi gani. Katika fomu zote nilizobeba miaka tisa, hiyo safu haikuwepo.

Mweka Hazina

Nimeichora. Ukurasa haukutosha safu sita, nimelilaza daftari ubavu.